Gulio la Tlacolula na Ndugu wa Mkonge Wetu

Leo sikupeleki kwenye shamba la mfano wala kwenye ghala la mbolea. Leo tunakwenda gulioni, tena gulio la mbali. Lakini kabla hatujaondoka, nakuomba kwanza uutazame mkonge. Kama unakaa Muheza, Korogwe au Kilosa huna haja ya kutembea, uko nyuma ya nyumba. Kama hukai huko, basi itazame kamba uliyomfungia mbuzi wako.

Mkonge huo si mwenyeji wa nchi hii. Kwao ni Meksiko, na jina lake la kizungu, sisal, limetokana na bandari ndogo ya rasi ya Yucatán ambayo nyuzi zake zilikuwa zikipitia. Katika miaka ya 1830 miche yake ilipelekwa Florida, Marekani. Mwaka 1893 mtaalamu mmoja wa kilimo wa Kijerumani, Dakta Richard Hindorf, aliagiza miche 1,000 kutoka huko Florida. Ilipofika Hamburg, iliyokuwa hai ilikuwa 200. Ilipofika Tanga, ilibaki 62. Iko hadithi tamu kwamba mkonge ulitoroshwa kwao ndani ya tumbo la mamba aliyekaushwa, nami nimeisikia mara nyingi. Lakini hiyo 62 ya Tanga ilikuja melini kama mzigo mwingine wowote. Kutokana nayo yakaja mashamba makubwa, yakaja makambi ya manamba, na miaka ya mwanzo ya 1960 Tanganyika ikawa ya kwanza duniani kwa mkonge.

Siku moja nilikuwa nikiyaeleza haya kwa wakulima waliokuja chuoni kwetu kwa mafunzo. Mzee mmoja akanyosha mkono. "Bwana Shamba," akasema, "na huko mkonge ulikotoka, wao nao wanasokota kamba tu?"

Swali zuri hilo. Kamba wanasokota. Lakini mkonge una ndugu wengi, wote wa ukoo mmoja uitwao agave, na baadhi ya ndugu hao watu wa Meksiko huwapika na kuwanywa. Haya, chukua kikapu chako tufuatane.

Tunakwenda jimbo la Oaxaca, kusini mwa Meksiko. Jina hilo usilisome kama lilivyoandikwa, wenyewe hutamka Wahaka. Kutoka mji mkuu wa jimbo tunaelekea mashariki kiasi cha kilomita 30, bondeni, hadi mji mdogo wa Tlacolula. Leo ni Jumapili, na Jumapili ndiyo siku yake. Bonde hili limegawana siku za juma: Jumatano gulio liko Etla, Alhamisi Zaachila, Ijumaa Ocotlán, Jumamosi mji mkuu wenyewe. Mchuuzi aliyeshindwa kuuza kuku wake Ijumaa anajua wapi pa kuwapeleka kesho yake. Mtaalamu mashuhuri wa mila za watu, Bronisław Malinowski, pamoja na mwenzake wa Meksiko, Julio de la Fuente, walizunguka katika magulio haya mwaka 1940 na 1941 wakiuliza nani anauza nini na anapata faida gani.

Ukitaka kujua biashara hii ni ya zamani kiasi gani, kumbuka kwamba Wahispania hawakuikuta nchi isiyo na masoko. Kiongozi wao, Hernán Cortés, alimwandikia mfalme wake mwaka 1520 kwamba katika soko la mji mkuu wa Waazteki watu zaidi ya 60,000 walikutana kila siku kununua na kuuza, na mahakimu walikaa humo humo sokoni kuamua kesi. Sarafu hawakuwa nazo. Walibadilishana mali kwa mali, na chenji yao ilikuwa punje za kakao. Katika nchi hizo masoko mengi yalikutana kila siku ya tano. Juma la siku saba, lenye Jumapili na kengele za kanisa, lililetwa na Wahispania.

Sasa tumefika. Barabara zimefungwa, maturubai yametandwa juu kutoka ukuta hadi ukuta, na wewe ukiwa mrefu itabidi uiname. Wanawake wengi wanasema Kizapoteki, lugha iliyokuwako kabla ya Kihispania. Muuzaji anamwita mnunuzi "marchante", na mnunuzi naye anamwita muuzaji "marchante", jina moja kwa wote wawili. Bei inashindaniwa kwa maneno ya upole. Mkishaelewana, usiondoke upesi, ngoja nyongeza yako. Huko wanaiita "pilón", na asiyetoa nyongeza wateja humkimbia, kama kwetu tu.

Tazama upande huu. Bata mzinga wamefungwa miguu. Huyu ndege ni mwenyeji wa Meksiko, kwetu alikuja kama mgeni. Pale kuna vyungu vyekundu vya San Marcos Tlapazola, kijiji ambacho wanawake ndio wafinyanzi. Kwenye beseni lile ni panzi waliokaangwa kwa kitunguu saumu, ndimu na chumvi. Ndugu zangu wa Bukoba hawatashangaa, watauliza tu kwa nini si senene. Ndani ya jengo la soko majiko ya mkaa yamepangwa katikati: unanunua nyama mbichi kwa muuzaji, unaichoma mwenyewe, vitunguu na pilipili unanunua kwa jirani yake.

Na mahindi je? Mahindi yako kila mahali: meupe, ya manjano, mekundu, ya rangi ya samawati iliyoiva. Hapa, ndugu mkulima, vua kofia. Katika bonde hili hili, karibu na Mitla, kuna pango liitwalo Guilá Naquitz. Lilichimbwa na wataalamu wa mambo ya kale mwaka 1966. Humo yalipatikana magunzi ya mahindi yenye umri wa miaka 6,200 hivi, madogo yasiyozidi kidole, na mbegu za maboga za miaka kama 10,000. Na kando yake yalikuwapo makapi: nyuzi za agave iliyochomwa, ikatafunwa kwa utamu wake, ikatemwa, kama sisi tunavyotema makapi ya muwa. Kwa hiyo watu wa bonde hili wamekuwa wakiichoma agave tangu zamani sana, kabla ya kuwako pombe ya kukeneka.

Pombe yenyewe iko kule mwisho wa safu. Mama mmoja ana madumu na vibuyu vidogo. Hiyo ndiyo meskali. Jina lake ni la Kiazteki, maana yake "agave iliyopikwa".

Usinywe bado. Kwanza ujue inavyotengenezwa, maana mkulima hanywi kitu asichojua kilimo chake. Agave inayotumika zaidi Oaxaca inaitwa "espadín", yaani upanga mdogo. Hupandwa kwa machipukizi, kama mkonge. Hukaa shambani miaka 6 hadi 8, pengine zaidi. Katika miaka ya mwanzo mkulima hupanda mahindi na maharage kati ya mistari yake, la sivyo atakula nini? Mmea huu hutoa maua mara moja tu kisha hufa, nao ukishachomoza mlingoti, sukari yote hukimbilia juu. Kwa hiyo mlingoti hukatwa mapema. Majani hukatwa yote, kinabaki kiini cha duara ambacho wao hukiita nanasi, cha kilo 50 na hata kuzidi.

Viini hivyo hufukiwa katika shimo lenye mawe yaliyopashwa moto kwa kuni, hufunikwa kwa makumbi na udongo, na kuachwa siku tatu hadi tano. Vikitoka vimekuwa vya hudhurungi na vitamu, vyenye harufu ya moshi. Husagwa kwa jiwe kubwa la duara linalovutwa na farasi, huchachushwa katika mapipa ya mbao, kisha hukenekwa mara mbili katika mtungi wa shaba au wa udongo. Kupata lita moja huhitaji kilo kama 10 za viini. Fanya hesabu: miaka saba shambani, siku tano shimoni, kisha unapata madumu machache.

Mtungi wa udongo una historia inayowahusu watu wa pwani. Kabla ya Wahispania watu wa Meksiko walikunywa utomvu wa agave uliochachuka, uitwao pulke. Kuanzia mwaka 1565 meli za Kihispania zilikuwa zikivuka bahari kati ya Ufilipino na Meksiko. Mabaharia wa Kifilipino walioshuka pwani ya Colima waligema mnazi na kukeneka tembo lake kwa mitungi ya kwao. Wataalamu wengi wanaona kwamba ujuzi huo wa tembo la mnazi ndio uliohamia kwenye agave. Wengine wanabishana nao, na mabishano yanaendelea.

Serikali ya kikoloni haikuipenda meskali. Mwaka 1785 mfalme Carlos wa Tatu wa Hispania aliipiga marufuku, kusudi pombe za kutoka Hispania zipate wanunuzi. Miaka kumi baadaye, mwaka 1795, leseni ikatolewa kwa mwenye shamba kubwa mmoja wa upande wa Tequila. Mwenye shamba kubwa, nakuomba ulikumbuke neno hilo. Wadogo waliendelea kukeneka mabondeni na kujificha.

Sasa onja. Mama anachovya mwanzi, anavuta pombe kwa mdomo, anaiachia idondoke katika kibuyu. Angalia mapovu. Yakikaa kama shanga bila kupasuka, nguvu yake iko sawa, karibu nusu ni kileo. Yakipotea mara moja, ni nyepesi mno au ni kali mno. Hana kipimo cha kioo, na ni nadra kukosea. Pokea, gusa ulimi tu, usigugumie. Kipande cha chungwa kile na chumvi yenye pilipili ni vya kufuatishia. Ataanza kukuambia: hii ya espadín, hii ya agave ya mwituni, hii alikeneka kaka yangu Matatlán. Kijiji hicho, Santiago Matatlán, hakiko mbali na hapa, na karibu kila ukoo una shimo lake.

Hapa niseme neno kama bwana shamba. Usirudi nyumbani ukachome mkonge. Mkonge wetu ni wa nyuzi, na maji ya jani lake huwasha ngozi. Tena kukeneka bila leseni kwetu ni kosa, na gongo limepofusha na kuua watu. Mtengenezaji stadi wa Matatlán hutenga kinachotoka mwanzo na kinachotoka mwisho, akabaki na cha katikati. Ujuzi huo alirithi kwa baba yake, hakuusoma siku moja.

Mwaka 1994 serikali ya Meksiko ililipa jina la meskali ulinzi wa sheria: ni majimbo fulani tu, Oaxaca likiwa mojawapo, yanayoruhusiwa kulitumia. Jambo zuri, utasema, na mimi nasema hivyo. Jina la mazao ni mali kama shamba. Wanunuzi wa Marekani na Ulaya wakaja. Mwaka 2011 meskali iliyopata cheti haikufika lita milioni 1. Mwaka 2022 ilizidi lita milioni 14, na sehemu kubwa sana ilitoka Oaxaca. Bei ya agave ikapanda, watu wakafyeka misitu wapande, agave za mwituni zikang'olewa bila kupandwa nyingine, kuni zikapungua. Walipopanda wengi mno, bei ikageuka, na aliyepanda wakati wa bei ya juu akavuna wakati wa bei ya chini. Zao la miaka saba halimsubiri mtu abadilishe mawazo.

Lakini linaloniuma mimi ni lingine. Ili uandike "meskali" kwenye chupa ni lazima uwe na cheti, na cheti kina gharama: vipimo vya maabara, ukaguzi, makaratasi. Mwenye kiwanda analipa. Yule ambaye babu yake alijificha korongoni baada ya marufuku ya mfalme, mara nyingi hana fedha hizo. Basi chupa yake huandikwa tu "pombe ya agave". Ni ileile, ya shimo lilelile, imepoteza jina.

Niliporudi darasani nilimweleza mzee yule habari hizi zote. Alisikiliza kimya. Manamba aliwajua vizuri, baba yake alikuwa mmoja wao. Mwisho akauliza kama yule mama wa Tlacolula atakuwapo gulioni Jumapili ijayo.

Nikamwambia atakuwapo, na madumu yake. Ukienda na chupa yako mwenyewe atakujazia. Karatasi ya jina haibandiki.