Uwanja Ambao Haukupimwa

Ewe msomaji, ukifika Obunga, mtaa ulio kaskazini ya mji wa Kisumu, harufu ya samaki hukupokea kabla ya nyumba. Viwanda huchukua minofu ya mbuta na kuiuza ng'ambo. Kichwa na mifupa, ambavyo watu huviita mgongo wazi, huletwa Obunga, na akina mama huvikaanga nje, kando ya vichochoro. Hapo hapo watoto hucheza. Kichochoro kimoja basi huwa jiko, soko, njia na kiwanja cha mpira.

Yafaa tuulize kwa nini mtaa wenye watu wengi hivi ukakosa uwanja. Reli ilipofika ziwani mwaka 1901, Waingereza walijipimia mji mdogo. Mwaka 1913 daktari W. J. Simpson alitumwa Afrika Mashariki kuchunguza afya ya miji, naye akashauri igawanywe kwa rangi za watu, na katikati iachwe ardhi tupu. Nafasi hizo, basi, hazikukusudiwa kuwapumzisha watu, bali kuwatenga. Ajabu ni kwamba Mnazi Mmoja ya Dar es Salaam, iliyoachwa wazi kati ya Uhindini na Kariakoo, ndiyo iliyokuja kuwa mahali pa watu kukutanika!

Obunga haikupata hata hiyo nafasi ya kutenga watu, kwa kuwa ilikuwa nje ya mpaka. Ardhi yake ilikuwa ya jamaa za Kiluo, na kila mwenye shamba aliuza kipande au alijenga vyumba vya kupangisha. Mpaka ulipopanuliwa mwanzoni mwa miaka ya 1970, Obunga iliingia mjini, lakini ardhi ilibaki ya wenyewe.

Wala usidhani kwamba uwanja ukishatengwa hauguswi. Uhuru Park ya Nairobi ilifunguliwa mwaka 1969. Hata mwaka 1989 wakubwa walitaka kujenga humo jumba la ghorofa 60. Wangari Maathai aliandika barua za kupinga, akadhihakiwa bungeni, wala hakunyamaza, mpaka shauri lile likaachwa. Lakini kumbuka kwamba yeye alikuwa na bustani ya kuonyesha, ambayo kila mtu aliijua kuwa ni ya umma. Mama wa Obunga atetee nini, ikiwa hakuna kilichopimwa? Leo serikali ya kaunti ikitaka watoto wa mtaa ule wapate kiwanja, hapana budi imlipe mwenye shamba.