David Watkin na Mwanga wa Ngong

Mhakiki wa riwaya huanza kwa kuuliza ni nani anayesimulia. Katika filamu swali hilo halina budi kugeuzwa: ni nani anayeangaza? Makala haya yanalielekeza swali hilo kwa Mwingereza David Watkin, mpigapicha mkuu wa Out of Africa, filamu ya Sydney Pollack iliyotolewa mwaka 1985 na kumpatia Watkin tuzo ya Oscar mwaka uliofuata.

Watkin alizaliwa Margate mwaka 1925. Aliijia kamera kwa njia ya reli: mnamo 1948 aliajiriwa kama msaidizi katika kitengo cha filamu cha reli ya kusini mwa Uingereza. Inapendeza kukumbuka hivyo tunapomwona Karen Blixen, mapema katika filamu, akisafiri kwa gari moshi kuelekea Nairobi, mji ambao nao ulizaliwa na reli mwaka 1899. Katika miaka ya sitini Watkin alifanya kazi na Richard Lester, na hapo ndipo alipojulikana kwa mtindo wake. Badala ya kumwelekezea mwigizaji taa usoni, aliielekeza kwenye kitu cheupe ili mwanga umrudie ukiwa umelainika.

Mtindo huo ulikabili mtihani mgumu Nairobi. Jua la ikweta saa sita mchana huwa utosini, nalo huficha macho ya mtu chini ya ukingo wa kofia. Mji wenyewe, kwa upande wake, ulikuwa umekwisha kuukana mwaka 1913. Jengo la KICC, lililokamilika 1973, lingechungulia katika kila picha ya katikati ya jiji. Kwa hiyo Nairobi nyingine ilijengwa viungani, upande wa Langata, chini ya usimamizi wa msanifu Stephen Grimes. Nairobi ya bandia ikapigwa picha huku ile ya kweli ikiendelea na shughuli zake umbali wa kilomita chache tu!

Hapa ndipo penye utata. Ngugi wa Thiong'o alikwisha kukishambulia kitabu cha Blixen katika Detained (1981), kwa jinsi kilivyowatazama Waafrika. Filamu imepunguza ukali wa maneno hayo, lakini haikuupunguza umbali. Wakikuyu wa shambani aghalabu huonekana kwa makundi, wakivuna kahawa, wakiwa sehemu ya mandhari kama vilima vyenyewe. Ulaini wa Watkin unachangia kosa hili, kwa maana unaifanya dhuluma ya ardhi ionekane kama majonzi ya jioni. Hata hivyo, haitakuwa haki kumtwika yeye peke yake mzigo wa mwandishi na mwongozaji. Blixen anapompigia gavana magoti akiwaombea Wakikuyu mahali pa kuishi, haja ya ardhi inatajwa waziwazi. Ila anayeitaja ni yeye, na kamera inamtazama yeye.

Shamba hilo liliuzwa mwaka 1931, likagawanywa viwanja, na kitongoji kikaitwa Karen. Nyumba ya Mbogani ilifunguliwa kuwa makumbusho mwaka 1986. Watkin aliendelea na kazi nyinginezo, ikiwemo Moonstruck (1987), akafariki mwaka 2008. Wageni wangali wakija Mbogani kuvitazama vilima vya Ngong, na wengi wao walikwisha kuviona kwanza kwa jicho lake.