Ndimu, limau na 'matunda': maneno yaliyomo katika chupa moja ya Keroka

Kosa lilikuwa langu, na ni heri nilikiri mapema. Kikundi cha akina mama kutoka upande wa Nyamira kiliniomba niwaandikie maneno ya kubandika kwenye chupa zao. Hutengeneza kinywaji cha nyumbani: maji ya ndimu, sukari, na rojo la lile tunda la zambarau lenye mbegu nyeusi. Huuza sokoni Keroka, mji ulioketi mpakani, mguu mmoja Kisii na mwingine Nyamira. Mimi, kwa maringo ya mtu anayelala na kamusi, nikaandika: 'Sharubati ya Limau na Karakara'. Wakachapisha vibandiko mia tatu. Majuma mawili baadaye mwenyekiti akanipigia simu.

"Prof, shikamoo. Watu wanauliza karakara ni dawa ya ugonjwa gani."

Nilicheka, kisha nikanyamaza. Vibandiko vile vilikuwa vimelipiwa kwa pesa za chama. Basi Jumamosi iliyofuata, hapana, Jumapili, kwa sababu wengi wao ni Wasabato, nikafunga safari kwenda kuona kile nilichokuwa nimekipa jina bila kukionja.

Mapishi ya namna hii tunayoyasoma vitabuni huzungumzia majira ya joto. Nyanda za juu za Gusii, zilizo karibu kabisa na ikweta, hazina majira hayo. Mvua hunyesha karibu kila mwezi, na asubuhi nyingi mtu hutafuta sweta. Ila kuanzia Desemba hadi Februari jua huwaka kweli, na ndio msimu wa arusi na wa watoto kurudi nyumbani. Hapo ndipo chupa hizi huuzika.

Nilimkuta mama mwenyewe akiviringisha ndimu juu ya meza kwa kiganja ili zilainike. Maji alikuwa ameyachemsha tangu alfajiri yakapoa. Homa ya matumbo haina mzaha, alisema. Kwa lita mbili za maji hutia ndimu sita kubwa na kikombe kimoja cha sukari, ambayo huiyeyusha kwanza katika maji moto kidogo, maana kwenye maji baridi hukaa chini ya jagi kama mchanga. Matunda yale ya zambarau huchagua yaliyokunjamana ngozi. Mgeni huyakataa akidhani yamezeeka, kumbe ndiyo matamu. Huyakamua kwa kichujio bila kuziponda mbegu, na hayaweki motoni kamwe, kwa kuwa harufu ndiyo bidhaa yenyewe na moto huifukuza.

Sasa tuyatazame maneno. Ndimu alizokuwa nazo, mtu wa Mombasa au Lamu angeziita malimau: kubwa, za manjano, zenye ngozi ya vinundu, za ule mti ambao wakulima wetu wa bara huupanda ili wapachikie michungwa. Kwa Mswahili wa pwani ndimu ni lile tunda dogo, la mviringo, la kijani, lenye ngozi laini. Limau ni jingine kabisa. Wala hakomei hapo. Ana danzi, ana balungi, ana furungu, ana chenza. Huku bara tumezifungia nyingi katika kapu la 'ndimu' na 'chungwa', na maisha yanaendelea. Mwalimu wa shule hukosoa jambo hili kwa kalamu nyekundu. Mimi pia nimelikosoa kwa miaka mingi.

Lakini hebu tazama asili. Waajemi huliita tunda hilo limu, Waarabu laymun, Wareno limão. Kiswahili nacho kina kanuni ya kale kwamba sauti l au r ikitanguliwa na n ya ngeli hugeuka d: ulimi mmoja, ndimi mbili, mti mrefu, nyumba ndefu. Limu ikiingizwa katika ngeli ya I-ZI inakuwa nini? Ndimu. Ikibaki katika LI-YA, l haiguswi, na hapo tunapata limau, malimau. Kwa maoni yangu, basi, maneno haya mawili tunayoyatenganisha kwa ukali darasani ni ndugu wa ukoo mmoja, mmoja alipita mlango wa mbele na mwingine wa nyuma. Pwani iliyapa kazi mbili kwa sababu ilikuwa na matunda mawili ya kuyaita. Gusii ilikuwa na moja.

Na pwani ilikuwa nayo zamani sana. Ibn Battuta, msafiri kutoka Morocco, alipopita mwambao wetu mwaka wa 1331 alikaribishwa Mogadishu kwa chakula chenye achari ya ndimu, na alipofika Mombasa alitaja ndizi na ndimu miongoni mwa miti ya kisiwa kile. Miaka 167 baadaye, Aprili 1498, Vasco da Gama alitia nanga nje ya Mombasa na mabaharia walioteswa na kiseyeye. Shajara ya safari hiyo inasema mfalme wa Mombasa alimpelekea kondoo, pamoja na machungwa, malimau na miwa tele. Ndimu na miwa katika zawadi moja! Ukiondoa maji, kinywaji cha Keroka kilikuwa tayari kimo ndani ya ile mashua. Waingereza walihitaji kungoja hadi 1747 ndipo daktari wao James Lind afanye jaribio lake melini na kuonyesha kwamba machungwa na malimau huponya kiseyeye.

Neno sharubati nalo lina hadhi yake. Mzizi wake ni ule wa Kiarabu wenye maana ya kunywa, unaotupa pia kusharabu, yaani kufyonza. Waturuki walilichukua, Waitaliano wakalifanya sorbetto, Wafaransa wakapata sirop yao kwenye mzizi uo huo. Huko Misri, katika karne ya 12, Ibn Jumay', tabibu Myahudi wa Sultani Salahuddin, aliandika risala nzima kuhusu ndimu na vinywaji vyake. Neno lililotembea hivyo si la kudharauliwa. Ila Gusii halikufika. Reli ilipogusa Kisumu mwaka wa 1901, na serikali ya kikoloni ilipojenga boma lake Kisii baada ya kuwashambulia Abagusii mwaka wa 1905, Kiswahili kilipanda mlima pamoja na askari, makarani na wenye maduka. Kilikuwa Kiswahili cha amri na biashara. Kilileta sukari, kitabu na kikombe, na Ekegusii kikavivika vitu hivyo nguo zake: esukari, egetabu, egekombe. Ndimu ikawa endimu, nyingi zikawa chindimu. Sharubati ni neno la barazani, la wageni walioketi kitako kwa starehe, na sidhani karani wa boma alimkaribisha yeyote kwa glasi.

Waliojenga mahitaji ya kinywaji kama hiki, nijuavyo mimi, ni wamisheni. Waadventista Wasabato waliofika Gendia, karibu na ziwa, mwaka wa 1906, walikuwa na kituo Nyanchwa, Kisii, kabla ya Vita vya Kwanza vya Dunia kuanza. Walikataza pombe, na hapo amarwa, pombe ya wimbi iliyonywewa kwa mirija mirefu wazee wakizunguka chungu kimoja, ikakosa nafasi katika arusi za waumini. Walikataza pia chai na kahawa. Wengi wa Abagusii wakaja kuwa Wasabato, nchi yao ikawa ya kahawa tangu miaka ya 1930 na baadaye ya majani chai. Ukienda Kebirigo, Sanganyi au Nyansiongo utaona viwanda vya chai vimezungukwa na vilima vya kijani, na katika vilima hivyo familia zinazochuma chai mwaka mzima bila kuionja. Mgeni akija nyumba hiyo hupewa nini? Uji, maziwa, au maji ya ndimu, moto asubuhi na baridi mchana. Baadaye soda ikaja na kuchukua meza ya harusi. Leo kuna unga wa rangi ndani ya pakiti, unaokorogwa kwa maji na kuitwa juisi ingawa haujawahi kukutana na tunda. Huyo ndiye mshindani wa mama wa Keroka, na hushinda kwa bei.

Nirudi kwa karakara. Tunda hili asili yake ni Amerika Kusini, na kamusi zetu hulipa jina hilo. Lakini tembea Daraja Mbili mjini Kisii siku ya soko ukaulizie karakara. Tunda lenyewe linaitwa 'matunda'. Chungwa ni chungwa, embe ni embe, na hili ndilo matunda yenyewe, kana kwamba mengine ni vibarua. Nilikuwa nikiona huu ni uvivu wa lugha. Kisha nikawakumbuka jirani zetu Waganda, ambao tunda hilo hilo huliita obutunda, yaani vitunda. Lugha mbili zimelifanyia tunda moja la kigeni jambo moja: zilikosa jina lake, zikalipa jina la ukoo mzima. Wanyarwanda walifuata njia nyingine, wakachukua neno la Kireno cha Brazil na kusema marakuja. Hakuna aliyekosea. Aliyekosea ni mimi, niliyemuuzia mteja wa Keroka neno asilolijua, kwa gharama ya watu wengine.

Tulikaa chini ya mwembe tukaandika upya. Nilipendekeza 'Maji ya Ndimu na Matunda'. Kijana wa mama huyo, aliye kidato cha nne, akapinga: mtu wa Mombasa akisoma 'matunda' atauliza matunda gani. Hoja nzito, maana wana mteja mmoja wa Mombasa. Nikajaribu kutetea karakara kwa mara ya mwisho.

"Prof," mama akasema kwa upole, "si tuchore tu?"

Chupa za sasa zina picha ya tunda lililokatwa nusu, mbegu zikionekana, na chini yake maneno niliyopendekeza. Vibandiko vya zamani havikutupwa. Upande wake wa nyuma ni mweupe, na mwekahazina ndiko anakoandika hesabu za siku ya soko.