Kuunganisha na Kuunda: Habari za Motokaa Katika Kenya

Wahenga walisema kwamba mtegemea cha ndugu hufa maskini. Methali hii husemwa mara nyingi juu ya mtu mmoja anayengoja chakula cha jirani yake. Lakini hata taifa laweza kupimwa kwayo. Taifa laweza kuwa na barabara njema, na magari maelfu kwa maelfu juu ya barabara hizo, na huku lisiwe na uwezo wa kuunda hata gari moja. Katika insha hii nataka tuitazame historia ya motokaa katika Kenya tangu nchi ilipojitawala, tujue ni nini kilichojaribiwa, ni nini kilichoshindikana, na kwa sababu gani. Habari hizi si za kale tupu. Magari ya umeme yameanza kupita katika barabara zetu, na pamoja nayo limerudi swali ambalo wazazi wetu hawakupata kulimaliza.

Swali lenyewe ni hili: Je, sisi ni watu wa kuunganisha, au ni watu wa kuunda? Maneno haya mawili yanakaribiana masikioni, lakini maana zake ziko mbali. Kuunganisha ni kupokea makasha yaliyotoka ng'ambo, kuyafungua, na kuvifunga pamoja vipande vilivyomo mpaka gari lisimame juu ya magurudumu yake. Kuunda ni kuvifanya vipande vyenyewe: kuyeyusha chuma, kukitia katika kalibu, kukichonga na kukipima. Aunganishaye hujua mahali pa kila kipande. Aundaye hujua pia sababu ya kipande hicho kuwapo, na aweza kukibadili akitaka.

Kenya ilipopata uhuru mwaka 1963, magari karibu yote yalifika bandarini Kilindini yakiwa kamili. Kila gari lilinunuliwa kwa fedha za kigeni, na fedha hizo zilitoka katika kahawa, chai na katani zilizolimwa kwa jasho. Baada ya miaka kumi hali ilizidi kuwa ngumu, maana mwishoni mwa mwaka 1973 bei ya mafuta ulimwenguni ilipanda ghafula, na kila nchi isiyokuwa na visima vyake ililazimika kuihesabu upya akiba yake. Serikali ikaona afadhali magari yaje katika makasha, yaunganishwe hapa, ili kazi na sehemu ya faida zibaki nchini.

Ndipo vikazaliwa viwanda vitatu. Cha kwanza kilikuwa Thika, kikaitwa Leyland Kenya. Kiliasisiwa mwaka 1974, na baadaye jina lake likawa Kenya Vehicle Manufacturers. Cha pili kilikuwa Nairobi, katika Barabara ya Mombasa, nacho kilikuwa cha General Motors, kilichoundwa mwaka 1975 na kuanza kuunganisha magari mwaka 1977. Cha tatu kilikuwa Mombasa, nacho ni Associated Vehicle Assemblers, ambacho nacho kilianza katika miaka hiyo hiyo. Katika vyote vitatu Serikali ilikuwa na hisa zake. Vijana waliotoka shuleni walipata kazi, wakajifunza kuchomelea vyuma, kupaka rangi na kupima breki.

Tena mpango ule haukuwa wa kukaza skrubu tu. Ilikusudiwa kwamba baadhi ya vitu vinunuliwe hapa nchini, na kwa sababu hiyo pakatokea viwanda vingine vya kufanya betri, vioo, springi, viti, rangi na matairi. Huu ulikuwa mwanzo wa kuunda. Lakini injini na gia, ambazo ndizo moyo na miguu ya gari, ziliendelea kuja ndani ya makasha. Kwa nini? Si kwa sababu ya upungufu wa akili. Sababu ilikuwa hesabu, na hesabu hiyo yafaa kila mwanafunzi aielewe.

Tuseme kwa mfano kwamba kalibu ya kukandamiza mlango wa gari yagharimu shilingi milioni kumi. Kiwanda kikiuza magari 1,000 ya namna moja, kila gari litabeba shilingi 10,000 za gharama ya kalibu hiyo. Kikiuza magari 100,000, kila gari litabeba shilingi 100 tu. Mwenye soko dogo huuza ghali, na auzaye ghali soko lake huzidi kuwa dogo. Soko letu lilikuwa dogo tangu mwanzo. Kisha likagawanywa baina ya viwanda vitatu, na kila kiwanda kikaunganisha magari ya aina nyingi, za Uingereza, za Ujerumani na za Japani. Hapakuwa na aina hata moja iliyopata wanunuzi wa kutosha kulipa gharama ya kalibu zake.

Mwaka 1986 likaja jaribio la namna nyingine. Rais Daniel arap Moi alikitaka Chuo Kikuu cha Nairobi kiunde motokaa ya Kikenya, hata kama sura yake isingependeza na mwendo wake ungekuwa wa polepole. Wahandisi wa Chuo wakaungana na mafundi wa reli na wa idara nyingine za Serikali. Mwaka 1990 motokaa zilizoitwa Nyayo Pioneer zikaonyeshwa kwa wananchi katika uwanja wa Kasarani. Zilikuwa tano, na zilipojaribiwa ziliweza kwenda mwendo wa kilomita 120 kwa saa. Shirika la Nyayo Motor likaundwa ili motokaa hizo zifanywe kwa wingi.

Wingi huo haukupatikana. Fedha hazikutosha, na motokaa za Nyayo hazikuuzwa kamwe. Shirika lenyewe likabadilika, likaitwa Numerical Machining Complex, likawa karakana ya kuchonga vipuri vya vyuma kwa ajili ya viwanda vingine. Wako watu ambao hadi leo husimulia habari hii kwa kicheko. Mimi sioni cha kuchekwa. Motokaa zile tano zilithibitisha jambo moja lililokuwa na shaka kabla yake: kwamba Mkenya, akipewa chuma, zana na wakati, aweza kuunda motokaa ikaenda. Lakini hazikuweza kuthibitisha jambo la pili, kwamba aweza kuunda motokaa elfu kumi, zote sawasawa, kwa bei ambayo mwalimu au mkulima wa chai aweza kuilipa. Jambo la kwanza ni la ustadi. La pili ni la mtaji, soko, na uvumilivu wa miaka mingi. Shangwe za siku moja uwanjani haziwezi kuwa badala ya hayo.

Wakati huo huo milango ya biashara ilikuwa ikifunguliwa. Katika miaka ya tisini Serikali ililegeza masharti ya fedha za kigeni na ya uagizaji wa bidhaa, na motokaa zilizokwisha tumiwa zikaanza kumiminika kutoka Japani na Dubai. Yatupasa kuwa waadilifu katika jambo hili. Kwa watu wengi, motokaa hizo zilikuwa neema. Mtu ambaye asingeweza maishani mwake kununua gari jipya alipata la kumpeleka kazini na la kumfikisha mgonjwa hospitalini. Lakini neema ya mnunuzi ilikuwa dhiki ya kiwanda. Mashine zilizojengwa kwa matumaini makubwa zikawa zinafanya kazi ya sehemu ndogo ya uwezo wake. Sheria ilikuja baadaye kukataza magari yaliyozidi umri wa miaka minane, lakini mkondo haukukatika.

Pamoja na hayo si kweli kwamba kila kitu kilikufa. Malori na mabasi yaliendelea kuunganishwa. Kiwanda cha Nairobi kilipita katika mikono ya kampuni ya Isuzu ya Japani mwaka 2017, nacho kingali kikifanya kazi. Tena katika karakana zetu kuna mafundi wanaopokea chasisi tupu yenye injini, wakaijengea bodi nzima: mbavu za chuma, mabati, madirisha, viti na ngazi. Mabasi na matatu nyingi tunazopanda zilizaliwa hivyo. Msomaji aliyepata kusimama mlangoni mwa karakana ya namna hiyo atakubali kwamba kuunda si jambo geni kwetu. Limeishi miongoni mwetu bila kupigiwa ngoma.

Sasa na tuyatazame magari ya umeme. Gari la umeme si uvumbuzi wa jana. Mnamo mwaka 1900 huko Marekani magari ya umeme, ya mvuke na ya petroli yalikuwa yakishindana, na petroli ikashinda kwa sababu ilibeba nguvu nyingi katika tangi dogo. Betri nyepesi za siku hizi ndizo zilizoufufua mshindani aliyeshindwa.

Katika shindano hili jipya Kenya inayo karata ambayo haikuwa nayo mwaka 1974. Mwaka 1981 mtambo wa kwanza wa Olkaria, karibu na Naivasha, ulianza kufua umeme kwa mvuke utokao chini ya ardhi. Mingine mingi ikafuata. Mwaka 2018 mitambo 365 ya upepo karibu na Ziwa Turkana ikaanza kuleta umeme wake katika nyaya za taifa. Leo karibu sehemu tisa katika kumi za umeme wetu zatoka katika mvuke, maji, upepo na jua. Petroli, kwa upande mwingine, yote twainunua nje. Na kiwanda cha kusafisha mafuta cha Changamwe, kilichoanza mwaka 1963, kiliacha kazi hiyo mwaka 2013. Basi kila gari linaloacha petroli na kutumia umeme huacha kununua cha mgeni na kununua cha nyumbani. Tena mvuke wa Olkaria haulali usiku, wakati watu wamelala na taa zimezimwa. Kwa hiyo mwaka 2023 paliwekwa bei maalumu ya umeme wa magari, iliyo nafuu zaidi katika saa ambazo watumiaji ni wachache.

Watu hawakukawia kuiona nafasi hiyo. Mwaka 2017 Nairobi ilipata kampuni ya Opibus, ambayo sasa inaitwa Roam. Ilianza kwa kuondoa injini katika magari ya petroli na ya dizeli na kutia mota za umeme, kisha ikaingia katika kuunda pikipiki. Mwaka 2022 mabasi ya umeme ya BasiGo yakaanza kuchukua abiria mjini Nairobi. Mwenye basi hulinunua bila betri, na betri huilipia kwa kadiri ya kilomita anazokwenda. Waendesha bodaboda nao hubadilisha betri iliyokwisha kwa iliyojaa, kazi ya dakika chache tu. Na mwaka 2024 mabasi ya BasiGo yakaanza kuunganishwa Thika, katika kiwanda kile kile kilichoitwa Leyland Kenya hapo kwanza.

Habari hiyo ya Thika yafurahisha, lakini yafaa pia ituonye. Makasha yamerudi. Zamani yalileta injini na gia. Sasa yaleta seli za betri na mota, na mengi yao yatoka China. Tukikaza skrubu tena kwa miaka hamsini bila kuuliza kilichomo ndani, vijukuu vyetu vitaandika insha kama hii.

Hata hivyo sababu za matumaini zipo, nazo zaweza kuhesabiwa. Gari la umeme halina injini ya petroli wala gia nyingi, yaani halina vile vipande hasa vilivyotushinda. Mota yake ina sehemu chache ziendazo. Tena pikipiki hununuliwa kwa wingi kuliko motokaa, na ikiwa wanunuzi wa namna moja ni wengi, ile hesabu ya kalibu iliyotuelemea hugeuka ikawa rafiki. Lakini mtaji huogopa sheria inayobadilika kila mwaka. Anayejenga kiwanda hupiga hesabu ya miaka kumi na zaidi, na kodi ikipandishwa ghafula hesabu yote huharibika. Mwaka 2024 kampuni ya Mobius, iliyounda magari ya kuhimili barabara mbovu, ilitangaza kwamba inafunga kwa sababu ya madeni na uzito wa kodi, ingawa baadaye ilipata mnunuzi.

Pia tusiwasahau mafundi wa petroli. Maelfu ya watu hula mkate wao kwa kufungua injini, kusafisha kabureta na kubadilisha plagi chini ya jua kali. Gari la umeme halina plagi wala kabureta. Ikiwa fundi huyo hatafundishwa kazi ya betri, maendeleo yatakuwa yamempokonya riziki. Na akifundishwa, yatakuwa yamempandisha daraja. Hili si jambo la kuachiwa bahati. Ni kazi ya vyuo vya ufundi, na yapasa kuanza kabla petroli haijaondoka.

Ninyi msomao insha hii mko katika umri ule ambao vijana wa Thika walikuwa nao walipofungua makasha ya kwanza. Wao waliambiwa mahali pa kuweka kila kipande, wakaviweka vizuri. Kwenu nyinyi kazi imezidi. Mnapofundishwa fizikia, na kemia ya metali na chumvi, msidhani kwamba ni habari za mtihani peke yake, maana betri ni kemia na mota ni fizikia. Achanikaye kwenye mpini hafi njaa. Na anayejua jinsi mpini wenyewe unavyochongwa hahitaji kungoja makasha.