Fred Risser

Fred A. Risser (alizaliwa mjini Madison, Wisconsin, 5 Mei 1927) alikuwa mbunge wa jimbo la Wisconsin nchini Marekani kwa tiketi ya Chama cha Democratic, kuanzia mwaka 1957 hadi Januari 2021. Kwa miaka hiyo 64 anahesabiwa kuwa mbunge wa jimbo aliyetumikia muda mrefu kuliko wote katika historia ya Marekani.

Bunge hilo lisichanganywe na lile la Washington. Kila jimbo la Marekani lina bunge lake, na la Wisconsin lina Baraza la Wawakilishi lenye viti 99 na Seneti yenye viti 33.

Familia na masomo

Siasa aliikuta nyumbani. Baba wa babu yake, babu yake na baba yake wote walipata kuwa wabunge wa Wisconsin, ila kila kizazi kwa chama tofauti. Baba yake alikuwa wa Chama cha Progressive. Risser alitumikia jeshi la majini mwishoni mwa Vita Kuu ya Pili, kisha akasomea sheria katika Chuo Kikuu cha Oregon na kurudi Madison kufanya kazi ya uwakili.

Bungeni

Aliingia Baraza la Wawakilishi kwa uchaguzi wa mwaka 1956, na Seneti kwa uchaguzi mdogo wa mwaka 1962. Hakutoka tena hadi alipostaafu. Alikuwa kiongozi wa upinzani, na baadaye rais wa Seneti kwa vipindi kadhaa. Kati ya sheria alizozipigania ni ile ya kupiga marufuku uvutaji wa sigara kazini, mikahawani na kwenye baa, iliyoanza kutumika Julai 2010 baada ya miaka mingi ya kukataliwa.

Februari 2011 gavana Scott Walker alileta muswada wa kupunguza sana haki ya wafanyakazi wengi wa umma, wakiwemo walimu, kujadiliana na mwajiri kupitia vyama vyao. Warepublican walikuwa na maseneta 19, lakini muswada wa fedha ulihitaji angalau maseneta 20 ukumbini. Basi maseneta wote 14 wa Democratic, Risser akiwemo akiwa na umri wa miaka 83, walivuka mpaka wakaenda Illinois, ambako polisi wa Wisconsin hawakuweza kuwarudisha. Walikaa huko takriban wiki tatu. Hatimaye wenzao waliobaki waliondoa vipengele vya fedha, wakapiga kura bila wao, na muswada ukawa sheria. Mbinu hiyo ilichelewesha tu, haikuzuia.

Kustaafu

Wisconsin haina ukomo wa vipindi vya ubunge, tofauti na majimbo kama Michigan, ambako maisha ya namna hii bungeni yasingewezekana. Machi 2020 Risser alitangaza kwamba hatagombea tena. Wakati huo alikuwa mkongwe wa mwisho wa Vita Kuu ya Pili katika mabunge ya majimbo. Kiti chake kilichukuliwa na Kelda Roys wa chama hichohicho.