Damu na Maji ya Ubatizo: Fundisho la Kanisa kama Familia na Historia ya Nakuru, 1991–2008

Utangulizi

Katika vitabu vya historia ya mafundisho ya Kikristo barani Afrika, mwaka 1994 huhesabiwa kuwa mwaka wa kuzaliwa kwa fundisho la Kanisa kama Familia ya Mungu. Sinodi ya Maaskofu kwa ajili ya Afrika ilikutana Roma kuanzia tarehe 10 Aprili hadi tarehe 8 Mei mwaka huo, na katika taswira nyingi za Kanisa zinazopatikana katika Maandiko na mapokeo, ikaiteua taswira ya familia kuwa ndiyo inayolifaa bara hili. Tarehe 14 Septemba 1995, Papa Yohane Paulo wa Pili alitia sahihi mjini Yaoundé waraka wa Ecclesia in Africa, uliowataka wanateolojia waifafanue taswira hiyo kwa kina na kuonya dhidi ya ukabila. Vitabu kadhaa viliitikia wito huo. Mojawapo ni The Church as Family cha Agbonkhianmeghe Orobator, kilichochapishwa Nairobi na Paulines Publications Africa mwaka 2000.

Makala haya yanachunguza fundisho hilo kwa kulisoma kutoka Nakuru na eneo la kati la Bonde la Ufa. Hoja ya msingi ni kwamba swali lililo kiini cha fundisho hili, yaani nani ni ndugu na kwa msingi upi, lilikuwa limekwisha kuulizwa huko kwa moto na mishale miaka mitatu kabla ya Sinodi kukutana. Aidha, inadaiwa kwamba maandishi yaliyotokana na swali hilo yamegawanyika katika makundi mawili yasiyosomwa pamoja: vitabu vya teolojia vinavyozungumzia ubatizo bila ardhi, na taarifa za matukio zinazozungumzia ardhi bila ubatizo.

Taswira na Asili Yake

Taswira ya familia haikuanza mwaka 1994. Cyprian, askofu wa Carthage katika Afrika ya Kaskazini, aliandika risala yake kuhusu umoja wa Kanisa mnamo mwaka 251, akilichora Kanisa kama mama ambaye bila yeye hapana wa kumwita Mungu baba. Risala hiyo iliandikwa katika ghasia. Mateso yaliyoamriwa na Kaisari Decius yalikuwa yamewafanya waumini wengi kuikana imani, na jamii ya Wakristo iligawanyika juu ya nani arudishwe kundini na nani aachwe nje. Kwa hiyo, tangu mwanzo wake, lugha ya ukoo wa kiroho ilikuwa lugha ya mgogoro wa mipaka.

Katika karne ya 20, hati ya Lumen Gentium ya mwaka 1964 iliorodhesha nyumba ya Mungu, ambamo familia yake inakaa, miongoni mwa taswira za Kanisa. Katika Afrika ya Kati, harakati ya Jamaa iliyoanzishwa na Placide Tempels huko Katanga katika miaka ya 1950 ilikuwa imejichagulia jina la Kiswahili kabla ya Mtaguso huo kukutana. Katika Afrika Mashariki, mikutano ya maaskofu wa AMECEA ya mwaka 1973 na 1976 iliweka jumuiya ndogo ndogo za Kikristo kuwa msingi wa uchungaji. Jumuiya hizo hufuata ujirani: waumini wa kijiji au mtaa mmoja husali pamoja, hufarijiana katika msiba na kusaidiana katika shida.

Utaratibu huo una hekima yake, lakini katika Bonde la Ufa ujirani wenyewe ni zao la historia ya ardhi. Mahali ambapo majirani wote walipata mashamba yao kupitia kampuni moja ya kununua ardhi, jumuiya ndogo ya Kikristo yaweza kuwa pia jumuiya ya kabila moja, ingawa hapana aliyekusudia iwe hivyo.

Istilahi za Udugu

Msomaji wa Kiswahili anapokutana na fundisho hili huona jambo ambalo Kilatini na Kiingereza huficha. Kiswahili hakina neno moja la kutosha. “Familia” ni neno geni lenye harufu ya ofisi na darasa. Huwataja baba, mama na watoto, na ni vigumu kulipanua. “Jamaa” ni pana zaidi, kwani hubeba maana ya kundi la watu na maana ya nasaba kwa pamoja. “Ukoo” hubeba damu. “Nyumba” hubeba damu, makao na mali, na katika siasa za Kenya neno hilo limetwishwa mzigo wa ziada: nyumba ya Mumbi ni jina la Wakikuyu kwa ujumla wao, na mtu aliyehimizwa kurudi nyumbani kisiasa huwa amehimizwa kuwarudia watu wa kabila lake.

Kwa hiyo mhubiri wa Molo au Njoro aliyetaka kulieleza fundisho la Sinodi kwa Kiswahili alilazimika kuchagua. Akichagua “familia”, neno halikumgusa msikilizaji panapouma. Akichagua “nyumba” au “ukoo”, lilimgusa, lakini liliamsha pia uaminifu ule ambao fundisho lenyewe lilitaka kuuvuka. Methali inayojulikana na kila msikilizaji inasema kwamba damu ni nzito kuliko maji. Katika Sinodi ya 1994, Askofu Albert Obiefuna wa Awka, Nigeria, alitoa tahadhari iliyofanana na methali hiyo: wakati wa hatari, damu ya ukoo huonekana kuwa na nguvu kuliko maji ya ubatizo. Alikuwa akisema hayo wakati mauaji ya kimbari ya Rwanda, yaliyoanza siku chache kabla ya Sinodi, yakiendelea.

Ardhi na Majirani

Nakuru ilikuwa kitovu cha Nyanda za Juu zilizotengewa walowezi wa Kizungu. Maskwota wengi, hasa Wakikuyu, waliletwa au walihamia huko kufanya kazi katika mashamba hayo. Mwaka 1941 serikali ya kikoloni ilifungua makazi ya Olenguruone kwa baadhi yao, kisha ikawatoa humo kwa nguvu kufikia mwaka 1950. Baada ya uhuru wa 1963, mashamba mengi yaligawanywa na kununuliwa upya, na swali la nani mwenyeji na nani mgeni halikupata jibu lililokubaliwa na wote.

Jimbo Katoliki la Nakuru liliundwa mwaka 1968, na Raphael Ndingi Mwana a’Nzeki akawa askofu wake kuanzia mwaka 1971 hadi 1996. Kwa upande wa Waanglikana, dayosisi ya Nakuru ilikuwa imeundwa mwaka 1961. Makanisa haya, pamoja na Africa Inland Church na makanisa ya kujitegemea, yalikuwa na waumini wa makabila mengi.

Mnamo Septemba 1991 ilifanyika mikutano ya siasa Kapsabet na Kapkatet iliyodai utawala wa majimbo. Tarehe 29 Oktoba mwaka huo mapigano yalianza katika shamba la Meteitei, wilayani Nandi, na katika mwaka 1992 yalifika Molo na Olenguruone. Kamati ya Bunge iliyoongozwa na Kennedy Kiliku ilihesabu vifo 779 katika taarifa yake ya Septemba 1992. Mwishoni mwa mwaka 1993, shirika la Africa Watch lilikadiria watu 1,500 waliouawa na 300,000 waliofukuzwa makwao. Viwanja vya makanisa viligeuka makambi. Wengi wa waliofukuza na wengi wa waliofukuzwa walikuwa wamebatizwa, na hapo ndipo fundisho lilipopata mtihani wake.

Mhenga ni wa Nani?

Wakati huohuo teolojia ya Kiafrika iliyokuwa ikifundishwa Nairobi ilikuwa na jambo kubwa la kusema kuhusu nasaba. Charles Nyamiti, padri kutoka Tanzania, alikuwa amechapisha Christ as Our Ancestor mwaka 1984. Bénézet Bujo wa Kongo naye alimweleza Kristo kuwa Mhenga wa Kwanza katika kitabu kilichotoka kwa Kijerumani mwaka 1986 na kwa Kiingereza mwaka 1992. Kwa wasomi hao, uhusiano wa Mwafrika na wazee wake waliotangulia ni mlango wa kumwelewa Kristo.

Nyamiti aliona hatari iliyomo. Alieleza kwamba udugu wa Kristo na wanadamu hupitia kwa Adamu, mzazi wa wote, na kwa hiyo hauna mipaka ya ukoo wala kabila. Jibu hilo ni sahihi kimantiki. Hata hivyo, likisomwa kutoka Nakuru, linaacha pengo. Mhenga katika maisha ya watu wa eneo hili hana nasaba tu. Ana kaburi, na kaburi liko mahali. Anayesema kwamba wazee wake wamezikwa katika ardhi fulani huwa anatoa hoja ya umiliki. Adamu hana kaburi Olenguruone. Teolojia inayochukua nasaba ya mhenga na kuiacha ardhi yake huwa imechukua nusu ya dhana, na nusu iliyoachwa ndiyo iliyokuwa ikipiganiwa.

Uchaguzi wa neno nao una athari. “Mhenga” katika Kiswahili ni mwenye busara anayekumbukwa kwa misemo yake; “mzimu” ndilo neno linalobeba kaburi, kafara na mahali, lakini lugha ya kanisa imelitia doa la upagani. Kwa kumwita Kristo mhenga, mfasiri anamtenga na ardhi bila kukusudia.

Madoadoa

Lugha ya waliotaka kuwafukuza majirani zao ilikuwa na ushairi wake. Waliohesabiwa kuwa wageni waliitwa “madoadoa” yanayopaswa kuondolewa. Wasikilizaji waliolelewa na Biblia ya Kiswahili, hasa tafsiri ya Union Version ya mwaka 1952, walikuwa wamelisikia neno hilo mahali pengine: katika Mwanzo 30, wanyama wenye madoadoa hutengwa na kundi la Labani na kuwa ujira wa Yakobo. Katika kisa hicho, walio na madoadoa ndio wanaobarikiwa na kuongezeka. Lugha ya siasa ilifanana na kisa katika kitendo cha kutenga, ikaacha baraka.

Mafundisho nayo yana lugha yake ya usafi. Waraka kwa Waefeso hulielezea Kanisa kuwa bibi arusi asiye na waa, na mapokeo yameifasiri sifa hiyo kuwa utakatifu unaotokana na neema. Kati ya waa la dhambi na doa la kabila kuna umbali mkubwa wa maana, lakini umbali mdogo wa maneno. Mhakiki wa fasihi ana kazi hapa ambayo mwanateolojia peke yake hawezi kuikamilisha.

Matini Zilizoachwa Nje

Mapigano hayo yalizaa maandishi. Baraza la Kitaifa la Makanisa ya Kenya lilitoa The Cursed Arrow mwaka 1992. Maaskofu Wakatoliki walitoa waraka wa kichungaji Machi mwaka huo, na Askofu Ndingi aliilaumu serikali hadharani kwa kuhusika na ghasia. Padri John Kaiser wa shirika la Mill Hill, aliyewahudumia waliofukuzwa Enoosupukia na kukusanywa Maela karibu na Naivasha hadi kambi hiyo ilipobomolewa Desemba 1994, alitoa ushahidi mbele ya Tume ya Akiwumi iliyoundwa mwaka 1998. Alipatikana amekufa karibu na Naivasha tarehe 24 Agosti 2000. Mwaka 2007 mahakama ya uchunguzi iliamua kwamba aliuawa. Kitabu chake If I Die kilitoka Nairobi mwaka 2003.

Maandishi haya huwekwa kwenye rafu ya siasa na haki za binadamu. Yaweza kudaiwa kwamba hapo ndipo mahali pake, kwa kuwa ni ya msimu na hayafafanui fundisho. Lakini risala ya Cyprian nayo ilikuwa ya msimu. Kinachoyatofautisha ni kwamba yalielekezwa zaidi kwa dola. Kichwa kidogo cha The Cursed Arrow kinataja ghasia zilizopangwa dhidi ya demokrasia, na maelezo hayo yana ushahidi. Hata hivyo, kumtaja aliyepanga hakujibu swali la jirani aliyebatizwa ambaye alikubali kushika mshale.

Hitimisho

Baada ya uchaguzi wa Desemba 2007 swali lilirudi. Tarehe 1 Januari 2008 kanisa la Kiambaa karibu na Eldoret lilichomwa moto likiwa na watu waliokimbilia humo. Mwishoni mwa mwezi huo, Nakuru na Naivasha zilishuhudia mashambulizi ya kulipiza kisasi, na safari hii watu wa makabila mengine ndio waliofukuzwa. Tume ya Waki ilihesabu vifo 1,133 nchini kote. Miaka 14 ilikuwa imepita tangu Sinodi.

Emmanuel Katongole wa Uganda aliliuliza swali la damu na ubatizo kuhusu Rwanda katika Mirror to the Church (2009), akayafanya mauaji kuwa kioo cha Kanisa zima. Bonde la Ufa lina matini za kutosha kwa kazi ya namna hiyo. Historia ya fundisho la Kanisa kama Familia itakayoandikwa kwa uaminifu haina budi kumsoma Nyamiti pamoja na taarifa ya Kiliku, na Ecclesia in Africa pamoja na ushahidi wa Maela. Fundisho linalowaita watu wawili ndugu linapaswa kusema pia kama ndugu hao wanaweza kuzikwa katika shamba moja.