Asili ya Kokteli ya Old Fashioned: Uhakiki wa Dai la Louisville

Mwaka 2015 jiji la Louisville, Kentucky, lilitangaza Old Fashioned kuwa kokteli yake rasmi. Tangazo hilo liliipa nguvu simulizi ya siku nyingi kwamba kinywaji hicho cha wiski kilibuniwa na mhudumu wa baa katika Pendennis Club ya jijini humo, kwa heshima ya Kanali James E. Pepper, mmiliki wa kiwanda cha wiski. Makala hii inaipinga simulizi hiyo. Klabu hiyo iliasisiwa mwaka 1881, ilhali gazeti la Chicago Daily Tribune lilikwisha kuzitaja kokteli “za mtindo wa zamani” mnamo Februari 1880.

Hata pasipo ushahidi wa gazeti hilo, jina lenyewe latosha kutia shaka, kwani kitu hakiitwi cha kizamani siku kinapozaliwa. Ukale unaotajwa ni upi? Tarehe 13 Mei 1806, gazeti la The Balance and Columbian Repository la mjini Hudson, jimbo la New York, lilimjibu msomaji aliyeuliza maana ya neno kokteli. Mhariri alieleza kuwa ni kileo kikali cha aina yoyote kilichochanganywa na sukari, maji na bita, yaani matone machungu ya mitishamba. Miongo kadhaa baadaye, wahudumu wa baa walizoea kuongeza vileo vitamu kama vile Curaçao, na wanywaji wasioridhika wakaagiza ile ya zamani. Kwa maoni yetu, jina hilo lilianza kama lalamiko la mteja.

Maelekezo ya George Kappeler ya mwaka 1895 yanaafikiana na fasili ya 1806. Kibonge kidogo cha sukari huyeyushwa kwa maji kidogo ndani ya bilauri. Hutiwa matone ya bita ya Angostura, kipande kimoja cha barafu, ganda la limau na kipimo kimoja cha wiski, kisha hukorogwa. Kijiko huachwa humo humo.

Baada ya marufuku ya pombe ya 1920 hadi 1933, baa nyingi za Marekani zilizoea kuponda chungwa na cheri pamoja na sukari hiyo. Kinywaji kilichopata jina kwa kukataa nyongeza kikawa, kwa miongo kadhaa, mchanganyiko wa matunda.